Uzi wa Tilted Towers: mji uliokufa mara nyingi karibu sawa na sisi tuliokuwa tunashuka pale

#1 Sururu Butu

Wakuu salaam. Juzi usiku kuna dogo kwenye skwadi yetu kaniuliza, hivi nyie wakongwe mnavyoililia Tilted ya Fortnite ilikuwa na nini kwani, si maghorofa tu? Nikataka nimjibu kwa sentensi moja nikashindwa, nikaanza kuongea, nikaongea, nikaja kushtuka dhoruba, ile inayojifunga kidogo kidogo na kuua anayebaki ndani yake, imetufunika wote wanne na tumekufa kifo cha kijinga. Sasa nashusha hapa ili siku nyingine mtu akiuliza namtumia linki naendelea kucheza.

Kwa wasiojua kabisa. Fortnite Battle Royale ilitoka tarehe 26 Septemba 2017, gemu ya bure, watu 100 mnapandishwa kwenye basi la angani linavuka kisiwa, unaruka unapotaka, unatua huna kitu ila sururu ya kuvunjia vitu upate mbao za kujengea kuta na ngazi, atakayebaki wa mwisho ndiye mshindi. Mapu ya mwanzo kabisa Tilted HAIKUWEPO, hili wengi hawalijui. Ilikuwa kina Pleasant Park, Retail Row, Salty Springs, Greasy Grove, Fatal Fields, Tomato Town, Moisty Mire huko kwenye tope. Ukitaka fujo ulikuwa unaenda Retail au Pleasant, basi. Na upande wa magharibi ulikuwa mtupu balaa, unatembea majani na vilima tu unajiuliza hawa watu walisahau kumalizia au.

Ndio ikaja apdeti ya 2.2.0, tarehe 18 Januari 2018. Epic, wenye gemu yao, wakashusha sehemu tano mpya kwa mpigo, zote upande huo huo uliokuwa mtupu: Junk Junction, Haunted Hills, Snobby Shores, Shifty Shafts, na mji mmoja umekaa kusini kidogo mwa Loot Lake, maghorofa yamebanana, katikati mnara wa saa. Tilted Towers. Jina lenyewe lilikuwa la utani, maana kwa wacheza gemu ku-tilt ni ile hali umepigwa mpaka akili imehama, unacheza kwa hasira, na kila ukicheza kwa hasira unazidi kupigwa. Neno lilitoka kwenye poka na zile mashine za pinboli, watu wa gemu wakalirithi. Yaani waliupa mji jina la ugonjwa ambao mji wenyewe ungeuambukiza.

Ngoja niweke maji niendelee.

#2 kichaka_mtembezi

Nimeweka kiti mkuu. Usituache njiani kama ule uzi wako wa historia ya shotigani ulioishia post ya pili tangu mwaka juzi.

#3 Sururu Butu

Hahaha ule nitaumalizia, naapa.

Tuendelee. Mimi naikumbuka mara ya kwanza kushuka pale. Naona kwenye mapu kuna jina jipya, nikasema ngoja nikatalii. Nimefungua glaida, kile kitu cha kuelea nacho ukishuka, naangalia chini naona watu wanamiminika kama kumbikumbi wa mvua ya kwanza, sijui ishirini, sijui thelathini, kila mtu anataka paa lake. Nikatua kwenye ghorofa moja, nikapiga sururu paa, nikaanguka chumba cha juu, nasikia chesti, sanduku la silaha, inaimba ule mlio wake lakini sijui iko sakafu ya juu au chini au ng'ambo ya ukuta. Na hapohapo nasikia miguu. Zile siku sauti ya gemu ilikuwa haikuambii mtu yuko juu yako au chini yako, miguu yote ilisikika kama iko kichwani kwako. Nikajibanza kwenye kona na bastola ya kijivu, moyo unapiga, nikasubiri. Nikasubiri. Jamaa akatokea kwa kuvunja dari, akanipiga shotigani ya pampu moja ya usoni, kwisha habari. Sekunde kama arobaini tangu niruke kwenye basi.

Unadhani niliacha? Nilibonyeza kurudi lobi nikarudi palepale. Na mara ya tatu palepale. Ile ilikuwa kama mtu anakuchapa kofi halafu anakaa karibu tu anakuangalia, huwezi kuondoka.

Na kulikuwa na sababu za msingi kwa nini kila mtu alikuwa anaenda, si ushamba tu. Moja luti, yaani silaha na vifaa vya kuokota, maghorofa marefu maana yake sakafu nyingi, sakafu nyingi maana yake chesti nyingi, skwadi nzima inaweza kutoka pale imevaa silaha kamili bila kwenda kokote. Halafu iko karibu na katikati ya mapu, basi likipita njia yoyote unafika kwa glaida, na dhoruba ikijifunga mara nyingi hauko mbali nayo. Ila kubwa kuliko zote ni kwamba mechi ilikuwa fupi. Ukishuka Wailing Woods unaokota okota dakika kumi na tano halafu unakuja kufa kwa snaipa hujaona hata aliyekupiga, roho inauma, dakika zako zimeenda. Ukifa Tilted umepoteza dakika moja. Unarudi. Kwa mtu anayetaka kujifunza kupigana ilikuwa ndio shule yenyewe, na ada unalipa kwa kufa.

Jambo moja ambalo watu hawalisemi, mji wenyewe ulikaa bondeni. Umezungukwa na vilima, hasa huo upande wa magharibi. Kwa hiyo ukishamaliza vita vyako vya ndani, una damu 20, huna ngao, unatoka mlangoni unashukuru Mungu, kuna jamaa wametulia juu ya kilima na snaipa tangu saa ngapi wanakusubiri wewe. Mafisi kabisa wale.

#4 GlaidaYaChuma

Mkuu mimi nilikuwa kwenye kile kilima 😂 na sijutii hata kidogo. Kwa nini nipoteze nguvu wakati nyie mnamalizana wenyewe?

#5 Bibi Snaipa

Samahani naomba nipinge kidogo kabla uzi haujawa wa kusifia tu. Tilted iliua ile mapu. Nasema nikijua nitatukanwa. Kabla ya Januari 2018 watu walisambaa, ukishuka Lonely Lodge unakutana na mtu, ukienda Anarchy Acres unakutana na mtu, safari nzima una wasiwasi. Ilipokuja Tilted nusu ya lobi inafia sehemu moja dakika mbili za mwanzo, halafu mliobaki mnatembea dakika kumi kwenye kisiwa hakina watu mnasikiliza ndege. Katikati ya mechi pakafa kabisa. Mimi mtu wa msituni nilikuwa nafika kumi bora sijarusha hata risasi moja na sikuwa najivunia.

#6 Sururu Butu

Dada Bibi Snaipa hujakosea na sikupingi, ndio maana hata wakati ule kelele za watu zilikuwa mbili kwa pamoja, wengine "ifuteni hii sehemu", wengine "mkiigusa naacha gemu". Na nadhani Epic walizisikia zote mbili, maana miezi iliyofuata ni kama walikuwa wanatuchezea roho makusudi.

Hapa ndio patamu sasa, sogeeni.

Msimu wa 3. Machi 2018. Huo mwezi gemu ilikuwa imepasuka dunia nzima, ndio mwezi Ninja, mcheza gemu maarufu, alicheza na mwanamuziki Drake kwenye Twitch, mtandao wa kurusha gemu moja kwa moja, wakafika watazamaji zaidi ya 600,000 kwa wakati mmoja, usiku wa tarehe 14. Watu ambao hawajawahi kushika kontrola wakaanza kuuliza hiyo Fortnite ni nini. Na ndani ya gemu, angani, ikaanza kuonekana nyota ndogo yenye mkia. Mwanzoni hakuna aliyejali. Wiki zikaenda, ikawa inakua. Zikatokea darubini zimewekwa huku na huku kwenye mapu, zimeelekezwa kwake. Hakuna maelezo, hakuna tangazo, wao kimya.

Watu wakaanza kupiga hesabu. Na hesabu za kila mtu zikaangukia sehemu moja: kimondo kinaenda kuipiga Tilted. Sababu? Hakuna sababu, ila ndio sehemu ambayo wote tulikuwa tunaipenda na kuichukia, kwa hiyo lazima iwe ndiyo. Ikafika mahali mtu unashuka pale unakuta maadui wamesimama juu ya mapaa hawapigani, wanaangalia juu. Nimewahi kusimama na watu kama nane hivi wasionijua, kila mtu ana silaha, hakuna aliyefyatua, tunasubiri kufa pamoja. Dakika nzima. Halafu mmoja akashindwa kujizuia akarusha roketi na mambo yakarudi kawaida.

Tarehe 1 Mei 2018 msimu wa 4 ukafunguka. Kimondo kimeanguka... DUSTY DEPOT. Zile bohari tatu za katikati ambazo hakuna aliyekuwa anazikumbuka. Pakawa shimo, wakaliita Dusty Divot. Tilted imesimama inatucheka.

#7 kichaka_mtembezi

Rekebisha kidogo mkuu, Tilted haikutoka salama kabisa. Kuna kipande kiligonga ghorofa moja pale, likabomoka likabaki gofu. Nalikumbuka kwa sababu lilikuwa ghorofa LANGU. Kila mtu alikuwa na ghorofa lake, unajua chesti ziko wapi, unajua ngazi, unajua dirisha gani la kurukia. Nimeshuka siku ya kwanza ya msimu kwa mazoea, nikapitiliza paa ambalo halipo.

#8 Sururu Butu

Kweli kabisa, nilikuwa nalijia hilo, asante. Pole kwa msiba.

Na hawakuishia hapo. Ndani ya msimu huohuo wa 4 kukawa na roketi kwenye lile pango la yule jambazi karibu na Snobby Shores. Tarehe 30 Juni 2018 ikaruka, ndio tukio la kwanza la moja kwa moja kwenye Fortnite, mara moja tu, ukilikosa umelikosa. Ikapaa, ikapotea, ikarudi inashuka, na inashukia wapi? Mji wetu. Tukasema haya, safari hii kweli. Sekunde ya mwisho angani pakafunguka ufa, roketi ikamezwa, ikatokea kwingine, ikaingia kwingine, mwishoni ikapasua anga lenyewe ukabaki ule mpasuko mkubwa. Tilted mzima tena.

Mtu akinusurika mara mbili hivyo unaanza kuamini hafi.

#9 dogo_wa_chapta2

Shikamooni wakongwe. Mimi nimeanza kucheza Chapta 2 kwenye simu, hiyo Tilted nilikuwa naisikia tu kama mnavyosimulia habari za marehemu. Sasa swali, kama ilinusurika yote hayo ilikufaje?

#10 Sururu Butu

Marahaba. Tulia.

Msimu wa 8, mwaka 2019, kisiwani kumeota volkano upande wa kaskazini mashariki. Na pale Loot Lake kuna chumba chini ya maji, mlango wa chuma. Tarehe 4 Mei 2019 wakafungua ule mlango, tukio wakaliita The Unvaulting. Mnaingia wote, mnajikuta mahali peupe kama ndotoni, mbele yenu kuna nguzo sita zina vitu vilivyokuwa vimeondolewa kwenye gemu: Drum Gun, Tactical SMG, Infinity Blade, Grappler, Bouncer na ile ndege. Unachagua kwa kupiga sururu nguzo ya kitu unachokitaka, inayopigwa zaidi na wachezaji wote inarudi. Yaani uchaguzi, kura kwa sururu. Drum Gun ikashinda.

Sisi tunashangilia. Tunajipongeza na demokrasia yetu. Tukarushwa juu angani na hapo ndio tukaona volkano inapasuka, mawe ya moto yanaruka yanapita juu ya vichwa vyetu, moja likaenda Retail Row, na jingine... mimi nilikuwa bado nalifuata kwa macho nasema si litakosea tena, limekosea mara mbili hili.

Halikukosea.

#11 Bibi Snaipa

Nilikuwepo. Niliyekuwa nasema iondolewe. Nikiwa nimeipigia Infinity Blade kura kwa ujinga wangu, nimeelea pale juu naangalia maghorofa yanawaka, na nikajikuta nimetoa sauti kabisa, "aah jamani". Kaka yangu chumba cha pili akauliza kuna nini, nikamwambia hakuna.

#12 GlaidaYaChuma

Na ile bima sasa 😂😂😂

#13 Sururu Butu

😂 Eleza wewe, mimi bado nina uchungu.

#14 GlaidaYaChuma

Kwa dogo hapo juu: mji mzima ulikuwa majivu na uji wa moto, mnara wa saa hakuna, hakuna kitu, ILA ghorofa moja limesimama bila hata kioo kuvunjika. Ghorofa gani? Ofisi ya bima, No Sweat Insurance. Kampuni ya bima ya kwenye gemu ndiyo pekee iliyonusurika. Aliyebuni ule utani sijui analipwa kiasi gani ila aongezwe. Kile kijengo kikawa kama mahali pa kuhiji siku chache zile kabla ya msimu mpya, watu wanashuka wanacheza dansi juu ya paa lake.

#15 Sururu Butu

Siku tano tu. Tarehe 9 Mei 2019 msimu wa 9 ukaanza na mji umeshajengwa upya, Neo Tilted, taa za rangi, vioo, kila kitu cha mwaka sijui gani huko mbele. Retail nayo ikawa Mega Mall. Sasa Neo Tilted haikuwa mbaya, nisiidhulumu, na ndiyo iliyokuwepo kwenye mapu wakati wa Kombe la Dunia la Fortnite pale New York Julai 2019, lile alilochukua Bugha akiwa na miaka 16 akaondoka na dola milioni 3. Lakini ilikuwa kama umeenda kuwasalimia majirani wa zamani ukakuta nyumba imepigwa vigae, imebadilishwa geti, na anayefungua humjui.

Agosti, msimu wa X, ikawa Tilted Town, kijiji cha kauboi, nyumba za mbao. Na humo ndani ilikuwa huruhusiwi kujenga, wala sururu haivunji kitu. Watu walilalamika sana siku zile! Kumbukeni hilo maana tutalirudia. Septemba ikageuzwa Gotham kwa ajili ya miaka 80 ya Batman. Mji mmoja, mwaka mmoja, sura nne. Ndio nikasema hawa jamaa sasa wanaichezea maiti.

Tarehe 13 Oktoba 2019 kisiwa chote kikamezwa na shimo jeusi. Tukio waliliita The End na hawakutania, ukifungua gemu unakuta duara jeusi tu kwenye skrini, karibu siku mbili, hakuna menyu, hakuna kitu, watu dunia nzima wanaangalia duara. Tarehe 15 Chapta 2 ikaja na kisiwa kipya. Tilted hakuna.

#16 mti_wa_Pochinki

Naomba kuuliza bila ubaya, mimi mtu wa PUBG, gemu nyingine ya namna hii. Hiki mnachosema si ndio Pochinki yetu? Katikati ya mapu yetu ya Erangel, nyumba zimebanana, kila mtu anajua akienda pale anaenda kufa na bado anaenda. Na Pochinki ipo tangu 2017 haijachomwa na mtu. Mbona sisi hatuna uzi wa kulia lia?

#17 Sururu Butu

Mkuu umejijibu mwenyewe. Hamlii kwa sababu ipo. Pochinki ni kama mzee wa mtaa ambaye kila ukipita yuko kibarazani, nani anamwandikia uzi? Sisi wetu walituulia mbele ya macho, tena baada ya kututisha mara mbili. Nina uhakika lile volkano lingeiacha Tilted ikakaa hadi leo, sasa hivi tungekuwa tunaipita tu, tunashuka kwingine. Epic walielewa kwamba watu hawajui wanapenda kitu mpaka wakione kinataka kuondoka, na walilitumia hilo bila huruma.

#18 kichaka_mtembezi

Na Salty Towers je, ile ya Chapta 2 msimu wa 5, Desemba 2020? Nusu Salty Springs nusu Tilted zimegandishwa pamoja. Mimi ile ilinikera kuliko Gotham. Unaona kipande cha ghorofa lako limeunganishwa na nyumba ya watu.

#19 Sururu Butu

Ile sitaki hata kuizungumzia, tupite.

Kurudi kwa kweli ni Chapta 3. Kisiwa kipya Desemba 2021, upande mmoja umefunikwa na theluji, na watu walishaanza kunong'ona kuna kitu chini ya barafu. Theluji ikawa inayeyuka kidogo kidogo kila wiki. Halafu tarehe 18 Januari 2022 ikafunuka. Angalieni hiyo tarehe na ile ya kwanza kabisa. Miaka minne KAMILI, siku ileile. Siamini kama ni bahati.

Niliomba ruhusa kazini. Sisemi uongo. Nikasema nina mgeni.

Nikashuka. Mnara wa saa upo. Watu kumbikumbi kama zamani. Nikatua paa lilelile, nikapiga sururu, nikaanguka chumba kilekile, chesti inaimba, nikaipata. Nikatabasamu peke yangu kama mwehu. Mlango ukafunguliwa, kabla sijageuka jamaa keshajenga kuta nne na ngazi mbili, kahariri dirisha, kanipiga, kafunga dirisha, yote kwa muda ambao mimi nilikuwa nageuza kichwa. Mtu wa miaka kumi na mbili nadhani. Nikarudi. Hivyohivyo. Nikarudi. Hivyohivyo.

Ndipo nikaanza kuelewa, na hili ndilo nililoshindwa kumweleza yule dogo kwenye skwadi. Mwaka 2018 pale Tilted hakuna aliyekuwa anajua kucheza. Wote tulikuwa tunabahatisha. Mtu alikuwa akishtuka anajenga ukuta mmoja wa mbao, halafu anasahau kujenga wa pili, halafu anaruka ruka huku anapiga hewani, na wewe uliyemshtua nawe unaruka ruka, mnazungukana kwenye ngazi kama vipofu wawili wanatafutana, mwisho anashinda ambaye risasi zake zimeisha baadaye. Kila ghorofa lilikuwa na vichekesho vyake. Ulikuwa na nafasi, hata ungekuwa umeianza gemu asubuhi ile. Maghorofa waliyarudisha vizuri tu, hata rangi walipatia. Ila ule ushamba wetu wangeutoa wapi?

#20 Bibi Snaipa

Hapo nakubali kwa asilimia nyingi ila kuna kitu umeruka. Miezi miwili baadaye, Machi 20, 2022, msimu wa 2 wa Chapta 3 ulianza kwa kuondoa kujenga kwa kila mtu, na tarehe 29 wakaturudishia kujenga na kuiacha modi ya bila kujenga ijitegemee. Ulisema tukumbuke Tilted Town watu walivyolalamika kunyimwa kujenga, sasa ona. Mimi msimu ule, ndio vita vya IO na The Seven, makundi mawili ya kwenye hadithi ya gemu, vinaendelea kisiwani, nilishuka Tilted bila kujenga na nikwambie ukweli, ushamba ulirudi. Watu hawajui wajifiche wapi. Wanajificha nyuma ya makochi! Mtu mzima mwenye skini ya ghali yuko nyuma ya kochi. Miguu juu, miguu chini, milango. Niliyeichukia Tilted toka siku ya kwanza nikaipenda nikiwa nimechelewa miaka minne.

#21 Sururu Butu

Sawa, hii sikuwa nimeifikiria hivyo. Mimi modi ile niliikataa kwa kiburi mpaka mwaka uliofuata, kwa hiyo hayo makochi yalinipita.

#22 dogo_wa_chapta2

Kwa hiyo mimi nimeicheza lini basi? Maana naikumbuka.

#23 Sururu Butu

Wewe bila shaka umeikuta kwenye OG. Tarehe 3 Novemba 2023 walirudisha kisiwa kizima cha Chapta 1 kwa mwezi mmoja, wakaanzia na hali ya msimu wa 5, Tilted ikiwa ndani. Siku mbili baadaye Epic wakatangaza kwamba tarehe 4 peke yake walipata wachezaji zaidi ya milioni 44.7, saa milioni 102 za kucheza. Namba hizo ziliwafundisha kitu, maana tangu hapo hawajaiacha ikae kaburini. Juni 2024 wakaleta Reload, mapu ndogo, watu 40, ukifa unarudi ilimradi mwenzako yupo hai, na Tilted ndani yake. Hiyo ndio Tilted ya madogo wa sasa na sio mbaya, ina spidi.

Lakini kilichonigusa mimi ni Desemba 2024. Walifungua OG ya kudumu na wakaanza na mapu ya msimu wa KWANZA. Ile ya 2017. Ambayo Tilted haipo bado.

Nikapanda basi nikiwa peke yangu, nikafungua mapu, nikaweka alama pale pale kusini mwa Loot Lake kwa kukadiria. Nikaruka. Chini majani tu, kilima, miti miwili mitatu. Nikajua nitakuwa peke yangu maana hakuna luti, hakuna chesti, hakuna sababu ya mtu mwenye akili kushuka pale. Nimetua nageuka naona glaida nyingine inashuka. Na nyingine. Tukawa watano. Hakuna mwenye silaha, kila mtu na sururu yake. Tukasimama. Mmoja akaanza kucheza dansi, wote tukacheza. Halafu jamaa mmoja akakata mti, akajenga sakafu moja, ngazi, sakafu, ngazi, akapanda juu hivi mpaka mbao zikamwishia, akasimama pale juu. Nikaelewa anachofanya. Nikaanza kukata miti nimsaidie.

Tulifika sakafu ya sita hivi kabla dhoruba haijaja.

#24 kichaka_mtembezi

Mkuu. Nimefunga uzi nikaufungua tena. Ilikuwa mnara wa saa?

#25 Sururu Butu

Kwa maoni yangu ndiyo. Kwa maoni ya yule jamaa sijui, hatukuwa na maiki.

#26 GlaidaYaChuma

Mwanzoni mwa 2025 walipoingiza msimu wa 2 kwenye OG mji si ukarudi mahali pake. Nilikuwa kilimani nawasubiri kama kawaida 😂

#27 Bibi Snaipa

Wewe hubadiliki. Nani yuko hewani saa hizi? Nina nafasi mbili kwenye skwadi, tunashuka Tilted, bila kujenga.

#28 dogo_wa_chapta2

Mimi nipo dada. Nachukua mnara wa saa.

#29 kichaka_mtembezi

Nipo pia. Mnara wa saa nilishausema mimi toka 2018, dogo tafuta paa jingine.

#30 dogo_wa_chapta2

Si ulisema lako ni lile lililobomoka na kimondo?

#31 Sururu Butu

😂😂 Amekushika hapo. Nafasi ya nne ni yangu, naingia, nisubirini lobi. Dogo chukua mnara.